Faili Lililovuja Likifika kwenye Simu Yako

Katika magrupu ya WhatsApp ya Tunduma, katikati ya bei ya kwacha ya asubuhi na video ya foleni ya malori pale Mpemba, siku hizi hupita kitu cha aina nyingine. Ni faili. Huja na maneno machache juu yake: "Data zimevuja, angalia kama na wewe umo." Mara ni jedwali la majina na namba za simu, mara ni maandishi matupu yenye mistari maelfu kwa maelfu, mara ni mazungumzo ya watu wawili yaliyonakiliwa na kusambazwa. Anayelipokea hulifungua kwa hofu au kwa udadisi, haelewi anachokisoma, kisha humtumia shemeji yake aliye Vwawa amsaidie kuelewa. Shemeji naye hulipeleka kwenye grupu la ukoo.

Ninamwandikia huyo anayelipokea, na kuna jambo moja nataka alishike kabla ya mengine yote. Faili lenyewe mara nyingi haliwezi kuchukua hata shilingi yako. Linachofanya ni kumpa mtu usiyemjua maneno ya kweli ya kukuambia: jina lako la tatu, mwaka uliozaliwa, namba ya gari unaloendesha, mzigo uliovusha wiki iliyopita. Akiyataja hayo bila kukosea, unaamini kwamba ni ofisa wa mahali fulani. Kuanzia hapo huhitaji kuibiwa, unatoa mwenyewe.

Mji wetu una sababu ya kulijali jambo hili kuliko miji mingi, kwa kuwa Tunduma inaishi kwa karatasi zinazovuka. Tangu kituo cha pamoja cha forodha na Nakonde ya Zambia kifunguliwe mwaka 2019, lori hukaguliwa mara moja, katika nchi linaloingia, lakini kopi hazijapungua. Dereva anayepeleka mzigo Lusaka au Lubumbashi huacha kopi ya pasi kwa wakala wa forodha, picha ya leseni kwenye simu ya mwenye gari, na jina lake kwenye kitabu cha wageni cha gesti, pamoja na namba ya simu, anakotoka na anakokwenda. Akitoa fedha, namba yake hubaki kwenye daftari la wakala lililo wazi juu ya meza, na anayefuata kwenye foleni huisoma bila hata kuinama. Kwa hiyo mtu akikutajia safari yako yote, usikimbilie kudhani kwamba ameingia kwenye kompyuta za serikali. Huenda alipiga picha ukurasa mmoja tu wa kitabu cha gesti.

Swali la kwanza kwa faili lolote, basi, ni lilizaliwa wapi. Jibu lake ndilo linalokuambia uhofie kiasi gani na ufanye nini.

Yapo mafaili yaliyotolewa kwenye hifadhi ya taasisi moja. Haya huwa na sura ya jedwali: kila mstari mtu mmoja, kila safu jambo lile lile, majina hapa, simu pale, tarehe kule. Mengine si wizi wa kuvunja mlango, ni ukusanyaji. Mwezi Aprili 2021 taarifa za watumiaji milioni 533 wa Facebook kutoka nchi 106 ziliachiwa bure mtandaoni, na humo zilikuwamo namba za simu. Facebook ilieleza kwamba watu walikuwa wametumia vibaya kile kipengele cha kutafuta marafiki kwa namba za simu, wakazivuna taarifa hizo kabla ya Septemba 2019. Maneno ya siri hayakuwamo. Aliyekuwamo hakuwa na la kubadilisha, kwa sababu jina na namba ya simu havibadilishwi kila wiki. Alichopaswa kufanya ni kujiandaa kupigiwa simu na watu wasiomhusu.

Mengine ni ya kubuni, tena ni mengi, kwa kuwa muuzaji wa data anataka kuogopwa ili auze. Ukioneshwa picha ya jedwali inayodaiwa kuwa "namba za NIDA zilizovuja," ipo namna ya kuipima bila kupakua chochote. Namba ya NIDA ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku ya kuzaliwa kwa mwenyewe. Ukihesabu ukakuta tarakimu 18, au mwezi wa 17, au mtu aliyezaliwa mwaka 2031, jedwali hilo limetengenezwa. Tazama namba za simu pia. Zikifuatana kwa mpangilio, 01, 02, 03, mwanzo hadi mwisho, hizo zimetolewa na mashine. Jedwali la kweli huwa na uchafu wa kweli: jina lililoandikwa kwa herufi kubwa hapa na ndogo pale, nafasi zilizoachwa wazi, Mwampashi mmoja aliyeandikwa Mwampash. Lakini hata uchafu unaweza kuigizwa. Kipimo hiki kinakusaidia kulikataa faili, hakitoshi kulithibitisha.

Tena si kila linalotangazwa kama uvujaji ni uvujaji. Kenya ilipata somo hilo Julai 2023. Huduma za mtandao za eCitizen zilikwama kwa siku kadhaa, na kundi lililojiita Anonymous Sudan likajigamba kwamba limeiba taarifa za pasi za kusafiria. Serikali ya Kenya ilikiri shambulio lakini ikasema hakuna data iliyopotea. Kilichotokea kilikuwa mafuriko ya maombi ya bandia yaliyozidi uwezo wa mitambo, na mwaka uliofuata Marekani iliwafungulia mashtaka ndugu wawili raia wa Sudan kwa mashambulio ya namna hiyo hiyo. Kuzimwa kwa huduma na kuibiwa kwa taarifa ni mambo mawili. Kwa upande mwingine, mwanzoni mwa 2025 wakala wa Kenya unaosajili kampuni, Business Registration Service, ulikiri wenyewe kwamba mfumo wake umeingiliwa. Kwa hiyo mimi huwa sitazami ukubwa wa kelele. Natazama kama taasisi husika imesema lolote, imesema lini, na imetaja taarifa za aina gani.

Sasa nije kwenye yale maandishi matupu, mafaili yenye mwisho wa .txt, kwa sababu ndiyo yanayotisha watu zaidi na kueleweka kidogo zaidi. Mstari mmoja wake huwa hivi, na huu nimeutunga mwenyewe:

ingia.mfano.co.tz:asha.mfano:Tunduma@1990

Soma kwa kufuata nukta mbili. Kwanza ni tovuti, kisha jina la kuingilia, kisha neno la siri, likiwa wazi kabisa bila kufichwa. Ukiona mpangilio huo, jua kwamba mstari huo huenda haukutoka kwenye tovuti iliyotajwa. Kwa kawaida huwa umetoka kwenye kompyuta ambayo Asha aliitumia kuingia kwenye tovuti hiyo. Tovuti inaweza kuwa salama kabisa, na ukimlaumu mwenye tovuti utakuwa umemwacha mwizi ndani ya nyumba.

Zipo programu ndogo za wizi, mojawapo iliitwa RedLine, nyingine Lumma, ambazo hazina kazi nyingine ila hiyo. Zikiingia kwenye kompyuta ya Windows, kwa muda mfupi sana hukusanya kila neno la siri lililohifadhiwa kwenye kivinjari, majina na namba za simu ambazo kivinjari hukujazia chenyewe, na vidakuzi, yaani zile alama zinazokufanya uingie kwenye akaunti bila kuulizwa tena neno la siri. Hupiga na picha ya skrini ilivyokuwa wakati ule. Vyote hufungwa katika folda moja na kutumwa kwa mwizi, na mara nyingi programu yenyewe hujifuta. Mwenye kompyuta haoni chochote. Polisi wa Uholanzi na wenzao waliivamia mitambo ya RedLine Oktoba 2024. Mwezi Mei 2025 Microsoft na Idara ya Sheria ya Marekani waliishughulikia Lumma, na Microsoft ikasema imehesabu zaidi ya kompyuta 394,000 zilizoambukizwa katika miezi miwili tu.

Folda hizo huuzwa kwenye chaneli za Telegram, nyingine kwa bei kubwa, nyingine hutolewa bure ili kuvutia wateja. Baadaye mtu huzichota zote, huondoa kila kitu isipokuwa ile mistari ya tovuti, jina na neno la siri, na kuiunganisha kuwa faili moja kubwa. Februari 2025 mkusanyiko mmoja wa namna hiyo uliingizwa kwenye tovuti ya kukagua uvujaji, Have I Been Pwned, ukiwa na mistari bilioni 23. Zilipohesabiwa anwani za barua pepe zisizojirudia, zilibaki milioni 284. Bilioni zimekuwa milioni kwa kuhesabu anwani badala ya mistari tu. Kumbuka mfano huo kila unaposikia takwimu za kutisha, kama zile za Juni 2025 zilizodai kwamba maneno ya siri bilioni 16 yamevuja kwa mkupuo. Ulikuwa mchanganyiko wa makusanyo mbalimbali, mengi yake yakitokana na programu hizo za wizi. Mtu hatakiwi kupuuza, ila hatakiwi kukosa usingizi kwa sababu ya namba hiyo.

Swali linalotuhusu sisi ni: ni kompyuta gani hapa kwetu inayotumiwa na watu wengi kwa siku, kila mmoja akiingia kwenye akaunti yake, flashi zikichomekwa na kuchomolewa, Windows yake ikiwa imefunguliwa kwa programu ya kuvunja leseni? Ni ya steshenari. Pale ndipo tunapoomba mkopo wa chuo, tunapojaza maombi ya ajira, tunapotafuta namba ya mlipakodi, tunapochapa ankara za mzigo. Zile programu za kufungulia Windows na Office bila kulipa ni mojawapo ya njia kuu za kusambaza wezi hawa, na anayeiweka huambiwa azime kwanza kinga ya kompyuta "ili ifanye kazi." Anaizima kwa mkono wake.

Nawaheshimu wenye steshenari. Wanaziba pengo ambalo hakuna ofisi iliyolijali, na bei yao mkulima wa kahawa wa Mbozi anaimudu. Ndiyo maana nawasihi. Mteja akimaliza, asiache akaunti wazi. Kwenye Chrome ipo hali ya mgeni: ukiifungua kwa kila mteja, ukifunga dirisha kila kitu chake kilichobaki ndani ya kivinjari kinaondoka. Zuieni kivinjari kisiulize kuhifadhi maneno ya siri. Futeni folda ya mafaili yaliyopakuliwa kila jioni, kwa sababu nakala za vyeti, pasi na vitambulisho vya mji mzima zimelala humo, wakati mwingine kwa miaka. Na msikubali ule ukurasa unaosema "thibitisha kuwa wewe si roboti" kisha unakuelekeza ubonyeze kitufe cha Windows pamoja na R, ubandike maandishi fulani na kubonyeza Enter. Uthibitisho wa kweli hauko hivyo. Kwa kufanya hivyo unaiamuru kompyuta imlete mwizi ndani.

Mteja naye ana wajibu. Kama ulifungua WhatsApp kwenye kompyuta ya steshenari ili uchape picha, fungua simu yako sasa, nenda kwenye vifaa vilivyounganishwa, uangalie. Ukiona Windows usiyoijua, iondoe. Mazungumzo yako yote yamekuwa yakisomeka pale tangu siku ile, na "mazungumzo yaliyovuja" mengi ninayoyasikia hayakuhitaji ujuzi wowote zaidi ya huo.

Juu ya hayo mazungumzo nina maneno mazito kidogo, kwa sababu yanavunja ndoa na biashara. WhatsApp kwa kawaida inamruhusu mtu kuhamisha gumzo zima na kulifanya faili la maandishi: tarehe, saa, jina, ujumbe, mstari chini ya mstari. Faili hilo hufunguliwa kwa programu ya kawaida ya kuandikia. Ukitaka, unafuta "hapana" unaandika "ndiyo," unabadilisha saa nne asubuhi kuwa saa sita usiku, unahifadhi, na hakuna alama inayobaki ndani ya maandishi. Picha ya skrini nayo haina uhakika mkubwa zaidi, kwa kuwa jina linaloonekana juu ni lile ambalo mwenye simu amelihifadhi. Nikiihifadhi namba ya rafiki yangu kwa jina la mkurugenzi, tukachati, nikapiga picha, nimekwisha mvujisha mkurugenzi. Mahakama zetu zinalijua hili. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015, kifungu cha 18, inataka ushahidi wa kielektroniki upimwe kwa namna ulivyotengenezwa, ulivyotunzwa na anavyotambulika aliyeutoa. Ikiwa hakimu anauliza hayo kabla ya kuamini, mke au mshirika wa biashara naye aulize. Omba kuona simu yenyewe, mazungumzo yakiwa mahali pake, pamoja na namba. Kama anayekuonesha hataki hilo, una jibu lako.

Kuna mafaili mengine ambayo hayana data kabisa. Ni chambo. Kijana wa Mlowo anayesubiri kuitwa kwenye usaili hupokea "Majina ya walioitwa kazini," na faili linaishia na .apk. Majina ya usaili hutolewa na Sekretarieti ya Ajira kwenye tovuti yake, katika hati ya kusomwa. Hati ya majina haisakinishwi kwenye simu. Kitu chenye mwisho wa .apk ni programu, na ukiiruhusu kusoma meseji, itasoma na zile namba za uthibitisho zinazotumwa na benki. Kwenye kompyuta angalia mwisho wa .exe, .scr au .lnk, hasa ukifichwa nyuma ya mwingine kama "orodha.pdf.exe." Faili lililofungwa kwa neno la siri, na neno hilo limeandikwa palepale kwenye ujumbe, limefungwa hivyo ili kinga ya kompyuta isione kilichomo. Anayetangaza "data zilizovuja" anajua kwamba udadisi wako utafungua kile ambacho tahadhari yako ingekikataa.

Kwa hiyo usilipakue faili ili kujitafuta. Kama jambo linahusu barua pepe, ingia Have I Been Pwned, tovuti iliyoanzishwa na Troy Hunt wa Australia mwaka 2013, uandike anwani yako. Itakuambia imeonekana kwenye uvujaji upi na wa mwaka gani. Haikuombi neno lako la siri ili kukupa jibu hilo, na tovuti yoyote inayokuomba uandike barua pepe pamoja na neno lake la siri "ili ikague" funga mara moja.

Ukikuta umo, tafuta kwanza simu au kompyuta safi, si ile unayoishuku, maana ukibadilisha neno la siri kwenye mashine yenye mwizi umempa na jipya. Anza na barua pepe. Watu wengi huanza na benki, nami nawaelewa, lakini barua pepe ndiyo inayofungua mengine yote: kila akaunti ukibonyeza "nimesahau neno la siri" hutuma ujumbe huko. Ukishabadilisha, tafuta mahali palipoandikwa ondoka kwenye vifaa vyote, ubonyeze. Hatua hii watu huiruka, nayo ndiyo inayomtoa mwenye vidakuzi vyako, kwa sababu yeye hakuwa akitumia neno la siri, alikuwa ameshaingia. Kisha weka uthibitisho wa hatua mbili kwenye barua pepe na kwenye WhatsApp. Neno jipya la siri lisiwe jina la mtoto na mwaka. Chukua maneno manne yasiyohusiana, changanya Kiswahili na Kinyamwanga au Kinyiha, liwe refu. Wezi hujaribu kwanza orodha zilizokwisha kuvuja, na orodha hizo hazina maneno mengi ya Kinyiha.

Piga *106# uone ni laini ngapi zimesajiliwa kwa namba yako ya NIDA. Ukiikuta usiyoijua, nenda kwa mtoa huduma wa laini hiyo, ukiwa na kitambulisho, uikane. Kisha fikiria namba yako ya siri ya fedha za simu. Nimesema namba ya NIDA inaanza na mwaka wa kuzaliwa. Wengi wetu, tulipoambiwa tuchague tarakimu nne, tulichagua mwaka huo huo. Maana yake ni kwamba mwenye kopi ya kitambulisho chako, awe dalali au mlinzi wa geti, akiiokota simu yako ana pa kuanzia kubahatisha. Badilisha leo, kabla ya chakula cha jioni.

Kuhusu kopi, wenzetu wanaofanya kazi forodhani wanaweza kuanza utaratibu mmoja usio na gharama. Kabla ya kutoa kopi ya pasi au kitambulisho, andika kwa kalamu katikati yake, juu ya maandishi lakini si juu ya picha: "Kwa ajili ya mzigo huu tu," jina la wakala, tarehe. Kopi hiyo itafanya kazi iliyokusudiwa, na mtu akijaribu kuitumia miezi sita baadaye kufungulia akaunti au kukopea, kopi yenyewe itamkana. Wakala wa forodha anayepokea kopi kwa WhatsApp azifute mzigo ukishatoka na kumbukumbu zinazotakiwa kisheria zikishahifadhiwa mahali pamoja panapofungwa. Simu yake ikiibiwa stendi, hazitaibiwa pasi za madereva mia.

Sheria nayo ipo, na wananchi hawaitumii inavyostahili. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 ilianza kutumika Mei 2023, na Tume yake ilizinduliwa na Rais Samia Suluhu Hassan Aprili 2024. Inamtaka kila anayekusanya taarifa za watu ajisajili, azitumie kwa lengo alilolitaja tu, na aitaarifu Tume usalama wake ukivunjwa. Inakupa haki ya kuuliza wanacho nini juu yako, kutaka kirekebishwe, na kudai fidia ukidhurika. Gesti, shule, zahanati na kampuni ya usafirishaji vyote vinakusanya. Lakini sheria inamgusa na mpokeaji wa faili. Kwa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, kusambaza taarifa ya uongo ukijua ni ya uongo kunaweza kukugharimu faini isiyopungua shilingi milioni tano au kifungo kisichopungua miaka mitatu, au vyote viwili. "Nilitumiwa tu, nami nikatuma" si utetezi ninaotaka kukusikia ukiutoa. Likifika kwako faili lenye taarifa za watu, futa, na umwambie mwenye grupu alifute.

Lakini nirudi kwenye ile simu ya mtu usiyemjua, maana ndiko madhara yanakotokea. Kwa miaka mingi tumezoea meseji za "ile hela tuma kwenye namba hii," zinazorushwa kwa kila mtu bila kujua ni nani. Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, katika taarifa zake za robo mwaka, imekuwa ikiwataja jirani zetu wa Rukwa pamoja na Morogoro miongoni mwa mikoa inayoongoza kwa namba za utapeli, kwa hiyo si jambo la mbali. Meseji ile tunaicheka kwa sababu haimjui mtu. Anayekupigia akiwa na faili anakuita kwa majina matatu. Anakuambia lori lako limekwama Nakonde na linahitaji malipo madogo kabla ya saa kumi. Kila alichosema ni kweli, isipokuwa malipo.

Jibu lake ni moja, nalo halihitaji ujuzi wa kompyuta: kata simu, kisha piga wewe, kwa namba uliyokuwa nayo kabla. Mpigie dereva. Mpigie wakala wako. Nenda ofisini, Tunduma si kubwa kiasi hicho. Ofisa wa kweli hatakasirika ukimpigia tena kwa namba ya ofisi. Tapeli atakushikilia usikate, atakuambia muda unaisha. Namba yake itume kwenda 15040 ili ishughulikiwe, na kama fedha zimekwisha kutoka, mpigie mtoa huduma wako papo hapo kabla hata ya kwenda polisi kuchukua RB, kwa sababu fedha zisizotolewa bado zinaweza kuzuiwa. Wengi wetu tuna na laini ya Zambia mfukoni, na 15040 haina kazi huko. Utapeli uliopitia laini hiyo upelekwe kwa mtandao husika wa Zambia, na mdhibiti wao ni ZICTA.

Kisha wapo wazazi. Mama aliye Kamsamba au Itumba, mwenye simu ya kitochi, hajawahi kuingia kwenye tovuti yoyote, lakini jina lake na namba yake vimo kwenye fomu ya mwanawe, pale palipoandikwa ndugu wa karibu. Fomu hiyo ikivuja, yeye ndiye atakayepigiwa: mwanao amepata ajali, yupo hospitali, tuma laki mbili za matibabu. Hatauliza mara mbili. Mpigie mapema, kabla hujavuka mpaka, mkubaliane swali ambalo jibu lake halijaandikwa kwenye fomu yoyote, kama vile jina la ng'ombe wa kwanza wa babu. Mwambie kwamba yeyote atakayempigia kuhusu wewe amuulize hilo kwanza, na akishindwa, akate na ampigie dada yako.